Begi la Soja

Baba yangu alikuwa akitoka nyumbani saa 11 na nusu jioni akiwa amevaa shati la mikono mirefu, suruali iliyopigwa pasi na viatu vilivyong'aa. Sare aliibeba kwa begi. Sweta nzito ya buluu, kofia, mshipi na soksi nene vilikunjwa chini kabisa, halafu juu yake akaweka gazeti la juzi, ili zipu ikifunguka kwa bahati mbaya watu waone gazeti kwanza. Rungu lilikaa kazini. Akitoka mlangoni alisema, "Naenda ofisi," na mama akajibu, "Sawa, uende salama."

Ploti yetu hapa Lindi ilikuwa na vyumba 12 na kuta za mabati. Kwa ploti kama hiyo hakuna siri. Ukikohoa usiku, asubuhi jirani anakuuliza kama umepata dawa. Kwa hivyo watu wote walijua baba ni soja huko Kilimani, na wote waliendelea kumwita "mtu wa ofisi" mbele yake. Hata mimi, nikiwa darasa la pili, nilijua. Nililiona begi likiwa wazi siku moja, nikalifunga haraka kana kwamba ni mimi niliyefanya kosa.

Naandika haya kwa sababu ya mtu mwingine aliyekuwa akitoka nyumbani kwake kwa runinga akiwa nadhifu, akifika kazini anabadilisha anavaa sare ya ulinzi, halafu jioni anarudi kwa mke wake akiwa bosi. Jina lake la kuigiza lilikuwa Papa Shirandula. Jina lake halisi lilikuwa Charles Bukeko, na yeye ndiye aliyekibuni kipindi hicho, akawa uso wake na tumbo lake kwa zaidi ya muongo mmoja. Watu wengi wa rika langu wakimkumbuka wanacheka. Mimi hucheka pia, lakini huwa naanza kwa kutazama mlango kwanza.

Acha nirudi nyuma kidogo, maana hata neno "soja" lina historia yake hapa mtaani.

Lindi ni kimoja kati ya vijiji vinavyounda Kibera. Majirani zetu ni Makina, Mashimoni, Laini Saba, Silanga. Jina tunagawana na ule mji wa bandari kusini mwa Tanzania, ambako mwaka 1917 askari wa King's African Rifles walipigana na Wajerumani. Hao askari si wageni kwa hadithi yetu. Kibera ilianza kama makazi ya Wanubi, watu wenye asili ya Sudan waliotumikia jeshi hilo la Waingereza, wakapewa kukaa hapa mwanzoni mwa karne ya 20. Kibra kwa Kinubi ni msitu. Yaani huu mtaa uliasisiwa na watu wenye sare. Wengine wote tulikuja baadaye, kutafuta kazi na nyumba ya bei nafuu karibu na kazi.

Sasa simama kwa njia ya Makina saa 11 asubuhi, kabla jua halijatoka. Utaona watu wanatembea kwa laini wakielekea Toi, Adams, Yaya, Upper Hill, wengine wanashuka Industrial Area. Wengi ni watu wa mjengo. Wengi ni akina mama wa kufua na kupika kwa nyumba za watu. Na wengi sana ni masoja. Kawangware ni hivyo hivyo, isipokuwa wao wanatembea kuelekea Lavington. Lakini mwangalie vizuri huyo soja: mara nyingi hajavaa sare. Ameibeba. Nairobi ni mji unaolindwa na watu wanaoona haya kujulikana kwamba wanaulinda, na sababu si ngumu. Mshahara ni mdogo, zamu ni ya saa 12, na mtu yeyote mwenye gari anaweza kukupigia honi kama mbuzi aliyelala barabarani.

Hiyo haya ndiyo Bukeko aliiona. Alizaliwa mwaka 1962, mwaka uleule runinga ilipoingia Kenya. Hivyo yeye na sanduku hilo walikuwa rika moja, ingawa ilimchukua miaka zaidi ya 40 kuingia ndani yake kama mwenye nyumba. Asili yake ni Busia, mpakani na Uganda, na kama waigizaji wengi wa kizazi chake alianzia jukwaani, kule ambako unajifunza kurusha sauti mpaka mtu wa kiti cha nyuma asikie. Ukiangalia vipindi vyake utaona hilo. Hakuigiza kwa uso peke yake kama vijana wa siku hizi wanaokaa karibu na kamera ya simu. Aliingia kwa chumba mwili mzima. Tumbo lilitangulia, suruali ilipandishwa juu ya kitovu, halafu sauti ikafuata.

Wakati huo wote, vichekesho vya runinga Kenya vilikuwa na nyumba moja tu, ile ya serikali. Ilikuwa Sauti ya Kenya, halafu kuanzia 1989 ikawa KBC. Huko ndiko Vitimbi na Vioja Mahakamani vilikotoka. Mfalme wa Vitimbi alikuwa Mzee Ojwang, mzee mwenye lafudhi nzito ya Kijaluo na hasira za kuchekesha, pamoja na Mama Kayai, jina la kuigiza la Mary Khavere. Kile ambacho wengi waligundua wakiwa wamechelewa ni kwamba Mzee Ojwang hakuwa Mjaluo. Jina lake lilikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu. Taifa zima lilijifunza kucheka na Mjaluo kupitia kwa Mkikuyu, na Wajaluo wenyewe walimkubali kama mzee wao. Alifariki Julai 2015, baada ya miaka ya mwisho ambayo macho yalimsumbua na Wakenya wakachangishana pesa za matibabu yake. Mtu aliyewachekesha kwa miongo mitatu alichangiwa kwa M-Pesa. Weka hiyo mahali, nitairudia.

KTN ilikuja 1990, ikavunja ukiritimba wa KBC. Baadaye kidogo vijana watatu wa Redykyulass walithubutu kumuigiza Rais Moi akiwa bado yuko Ikulu, kitu ambacho miaka kumi nyuma kingekupeleka jela. Lakini hivyo vilikuwa vichekesho vya mjini, vya watu wanaofuatilia siasa na wanaojua Kiingereza. Jioni nyingi, runinga za kibinafsi zilijaa telenovela za Mexico zilizotafsiriwa na sinema za Nigeria. Mama yangu alijua majina ya wajukuu wa tajiri fulani wa Mexico kuliko majina ya wajukuu wa shangazi yake.

Kilichobadilisha mambo ni Citizen TV, ya Royal Media Services ya S. K. Macharia. Katikati ya miaka ya 2000 ilijipanga upya na kufanya hesabu ambayo wengine waliidharau: watu wengi wenye runinga hawako Lavington, na wanataka kujiona. Ndipo zikaja Tahidi High, Mother-in-Law, Inspekta Mwala. Na ndipo akaja soja wa Bukeko.

Ukikaa ukafikiria, wazo lenyewe ni rahisi mpaka linakera. Mwanamume ana kazi ya ulinzi. Anamwambia mke wake, Wilbroda, kwamba anafanya kazi ya maana ofisini. Basi. Kutoka hapo kila kitu kinajiandika chenyewe. Kila mgeni anayekuja getini anaweza kuwa mtu wa kijijini. Bosi akimtuma Papa mahali, kuna uwezekano wa kukutana na jirani. Hata shilingi inayokosekana nyumbani inahitaji uongo mpya, na ule uongo mpya una njaa kuliko wa jana. Huhitaji pesa nyingi kutengeneza kipindi kama hicho. Unahitaji geti, ofisi moja, sebule yenye vitambaa kwenye viti, na watu wanaojua kusubiri sekunde moja kabla ya kujibu.

Watu hao alikuwa nao. Jacqueline Nyaminde akiwa Wilbroda, mwanamke ambaye ungedhani hajui chochote mpaka uangalie macho yake vizuri. Kenneth Gichoya akiwa Njoro, mlinzi mwenzake anayenusa pesa kabla haijatoka mfukoni. Daisy Odeko akiwa Naliaka. Felix Odiwuor akiwa Jalang'o, na hilo jina halikumtoka tena. Na Kazungu Matano akiwa Otoyo, kwa lafudhi ya magharibi iliyojaa mdomo, wakati yeye mwenyewe ni mtu wa Pwani. Ule mchezo wa Mzee Ojwang ukarudi tena, mtu wa huku akivaa ulimi wa watu wa kule.

Najua lawama. Wasomi wamesema, na nilipokuwa bado chuo tuliwahi kubishana darasani, kwamba vichekesho hivi vilijengwa juu ya makabila: Mluhya mlinzi mpenda chakula, Mkikuyu mpenda pesa, Mjaluo mpenda sifa. Ni kweli. Kuna vipindi vya Papa ambavyo nikiviangalia leo natamani mwandishi angechoka na hizo njia za mkato. Na Wilbroda alistahili mistari bora kuliko kuulizwa ugali uko wapi. Miaka ya mwisho hasa, kipindi kilizunguka palepale kama matatu inayotafuta abiria. Lakini lawama hiyo ina tundu moja. Inasahau ni nani alikuwa amekaa kwenye viti akitazama, na wapi.

Sisi tulitazama kwa jirani wa mlango wa tatu. Alikuwa na Great Wall ya inchi 14, nyeusi na nyeupe, iliyoendeshwa na betri ya gari siku ambazo stima ya sambaza imekatwa. Antena ilikuwa waya na kifuniko cha sufuria. Watoto tulikaa chini, akina mama kwa kitanda, wanaume wakasimama mlangoni wakijifanya wanapita tu. Chumba hicho kimoja kilikuwa na makabila matano au sita. Mtu akichekwa leo, alijua wiki ijayo ni zamu ya mwenzake.

Siku ya kwanza baba alipokitazama kile kipindi ilikuwa siku yake ya ofu. Alisimama mlangoni na kikombe cha chai. Papa akaingia kwa runinga akiwa ametoka nyumbani nadhifu, akafika kazini, akabadilisha. Chumba kizima kilicheka. Kisha kikakumbuka. Nakumbuka kile kicheko kilivyokatika, si kwa pamoja, bali mmoja mmoja, jinsi watu wanavyogundua mwenye matanga ameingia. Mama alitazama sakafu. Na baba, peke yake, akaendelea kucheka. Alicheka mpaka chai ikamwagika. "Huyu jamaa," akasema, "huyu jamaa ni mjinga kabisa." Halafu akaenda zake. Kesho yake jioni alikunja sare kwa begi kama kawaida, akaweka gazeti juu, akasema anaenda ofisi.

Hatukuwahi kulizungumzia. Lakini kuanzia hapo watoto wa ploti waliacha kumwita mtu wa ofisi. Walimwita Papa. Na yeye akaitika.

Halafu ikaja Desemba 2007. Uchaguzi ulikuwa tarehe 27, matokeo yakatangazwa tarehe 30, na siku hiyohiyo serikali ikapiga marufuku matangazo ya moja kwa moja. Hatukuhitaji matangazo. Moshi tuliuona wenyewe. Soko la Toi liliteketea. Reli inayopita Kibera iling'olewa. Tume ya Waki baadaye ilihesabu watu 1,133 waliouawa nchi nzima. Sitataja kabila letu hapa. Msomaji Mkenya atajaribu kukisia, na ajaribu. Nitasema tu kwamba kati ya ile milango 12 ya ploti, milango 4 ilibaki wazi bila watu, na wa tatu ulikuwa mmoja wao. Great Wall waliondoka nayo kwa mkokoteni, ikiwa imefunikwa kwa blanketi kama mtoto.

Baba hakuwa nyumbani. Vurugu zilimkuta kwa zamu, na kwa siku 6 hakuweza kurudi. Alilala kwa kile kibanda cha geti, akila mkate alioletewa na msichana wa kazi wa ile nyumba. Wenyewe walikuwa wamesafiri. Hebu fikiria hilo: mtu analinda nyumba tupu ya mwingine Kilimani, wakati nyumba yake yenye watu, kilomita chache chini ya bonde, haina mlinzi. Mwisho wa mwezi kampuni iliyomwajiri, ambayo haina haja ya kutajwa, ilimkata siku 2 kwa sababu aliporudi nyumbani hatimaye, alichelewa kurejea kazini.

Kipindi cha Papa kiliendelea baada ya hapo, na ndiyo maana ile lawama ya makabila hunipa shida. Mwaka 2008 hapa Lindi kulikuwa na watu ambao hawangeweza kusalimiana kwa bomba la maji. Lakini waliotazama Papa, Njoro na Jalang'o wakiwa wamebanana kwa kibanda kimoja cha geti, wakiibiana sigara na kudanganyana kuhusu mkopo, walikuwa wanaona kitu ambacho mtaani kilikuwa kimevunjika. Sisemi kiliponya mtu. Runinga haiponyi. Nasema tu kwamba mahali pekee nilipoona wale watatu wakikaa pamoja mwaka huo palikuwa pale getini kwa Bukeko.

Umaarufu wake ukavuka mpaka 2009, alipotokea kwa tangazo la Coca-Cola. Lile la "Brrr", ambapo anapiga funda moja na mwili wote unatetemeka kwa baridi tamu. Lilionyeshwa nchi nyingi za Afrika. Watoto shuleni walifanya "brrr" kwa maji ya bomba. Kulikuwa na utani mmoja mtamu hapo: soja ambaye kwa kipindi hawezi kununulia mke wake gauni, uso wake umebandikwa kwa bango kubwa kuliko nyumba anazolinda. Baba alipita chini ya bango moja kama hilo Ngong Road kila jioni kwa miezi. Aliniambia alikuwa akilisalimia.

Kuna kazi nyingine ya Bukeko ambayo watu wachache wa umri wangu wameiona, filamu ya Bob Nyanja ya 2012 iitwayo The Captain of Nakara. Bukeko hakuwa mhusika mkuu, lakini alikuwa na nafasi humo. Hadithi imetolewa kwa tamthilia ya Mjerumani Carl Zuckmayer ya 1931, nayo ilitokana na tukio la kweli la 1906: fundi viatu mmoja, jambazi wa zamani, Wilhelm Voigt, alinunua sare ya kapteni huko Ujerumani, akaivaa, akakusanya wanajeshi barabarani wakamfuata bila kuuliza, akaenda nao mji wa Köpenick, akamkamata meya na kuondoka na pesa za halmashauri. Kwa toleo la Nyanja mambo yanatokea kwa nchi ya kubuni ya Kiafrika. Nilipoitazama nilifikiria begi la baba. Kuna sare ambayo ukiivaa, meya anakutetemekea. Na kuna sare ambayo ukiivaa, unaificha chini ya gazeti. Zote ni kitambaa na vifungo.

Februari 2015 mambo yalizima kidogo. Serikali ililazimisha kuhama kutoka analogi kwenda dijitali, mitambo ya vituo vikubwa ikazimwa tarehe 14, na Citizen, NTV na KTN zikapotea hewani karibu wiki tatu. Ziliporudi, Great Wall bila king'amuzi ilikuwa meza tu. Wengi hapa mtaani hawakununua mara moja. Kuna kizazi cha Lindi ambacho kilimpoteza Papa hapo, si kwa kifo bali kwa bei ya king'amuzi. Mimi nilimfuata kwa simu, kwa vipande vipande vya YouTube, nikitumia data ya kupima.

Na hapo vijana wengine walikuwa wameshaona mlango uko wazi. KTN ilileta The Real Househelps of Kawangware, ambapo wasichana wa kazi ndio wenye hadithi na mabosi ni wapita njia. Jacky Vike akiwa Awinja aliubeba mtaa mzima mgongoni. Baadaye Maisha Magic East ikaleta Njoro wa Uba, dereva wa teksi mwenye matatizo ya watu wote wa kiti cha nyuma. Soja, mboch, dereva. Kabla ya Bukeko, watu hawa kwa runinga walifungua geti, wakaleta chai, wakatoka. Hakuna aliyewauliza jioni wanaenda wapi.

Sasa kuhusu mimi, kwa sababu nimeahidi kuwa mkweli.

Nilijiunga na chuo kikuu 2018. Niliacha katikati ya 2019, mwaka wa pili. Sababu zilikuwa karo, na pia sikuwa nikielewa tena kwa nini nasoma nilichokuwa nasoma. Zilichanganyika mpaka leo sijui kuzitenganisha. Kile ninachojua ni nilichofanya baadaye. Kila asubuhi niliamka, nikaoga, nikaweka daftari kwa begi, nikamwambia mama naenda klasi. Nilienda maktaba ya Makadara, au cyber, au nilitembea tu mpaka mjini na kurudi. Niliandika makala za watu wengine kwa pesa kidogo, insha za wanafunzi wa ng'ambo, maelezo ya bidhaa ambazo sijawahi kuziona. Jioni nilirudi na uchovu wa mwanafunzi. Nilifanya hivyo kwa miezi, na sikuwahi hata siku moja kujiambia kwamba nimekuwa Papa Shirandula. Hizo ndizo faida za kuigiza vizuri.

Halafu Machi 2020 corona ikaingia, shule zote na vyuo vyote vikafungwa, na mimi nikapata likizo kutoka kwa uongo wangu. Hakuna aliyeniuliza chochote. Nchi nzima ilikuwa haiendi klasi.

Baba aliendelea na kazi. Walinzi waliruhusiwa kutembea usiku wa kafyu kama watoa huduma muhimu, neno ambalo lilimchekesha sana. Alibeba barua ya kazi mfukoni. Na kwa sababu polisi wa kafyu walipiga kwanza na kusoma barua baadaye, kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nilimwona baba akitoka nyumbani amevaa sare. Sweta, kofia, mshipi. Alivaa hapo chumbani mbele yetu sote. Mama alimnyooshea kola. Hakuna aliyesema kitu.

Jumamosi, 18 Julai 2020, Charles Bukeko alifariki katika hospitali ya Karen jijini Nairobi. Alikuwa na miaka 58. Corona ilitajwa. Jumatatu, tarehe 20, alizikwa kwao Busia. Wakati huo maziko yalikuwa ya haraka, watu wachache, maafisa wa afya wakiwa wamevaa mavazi meupe ya kujikinga kutoka kichwani hadi miguuni. Mtu ambaye kazi yake yote ilihusu sare alishushwa kaburini na watu wenye sare ambao nyuso zao hazikuonekana.

Ile M-Pesa ya Mzee Ojwang ndiyo niliifikiria. Tunawachukulia watu wa kutuchekesha kama bomba la maji la mtaani: likitoka, hakuna anayeuliza nani analipa. Bukeko aliweka watu kazini kwa miaka. Alitengeneza shule ambayo haikuwa na jengo. Jalang'o, yule kijana wa kipindi, alichaguliwa mbunge wa Lang'ata mwaka 2022, eneo ambalo Kibera ilikuwa ndani yake mpaka mipaka ilipogawanywa kabla ya uchaguzi wa 2013. Wengine wakapata redio, matangazo, vipindi vyao. Kipindi chenyewe hakikumzidi umri. Papa alikuwa yeye, na yeye alikuwa ameondoka.

Jumatatu ile jioni nilimwonyesha baba maziko kwa simu yangu. Alikuwa tayari amevaa, bado ana nusu saa kabla ya kuondoka. Aliishika simu mbali na uso jinsi wazee wanavyofanya. Alitazama mpaka mwisho, akaniambia nirudishe nyuma, akatazama tena.

"Wilbroda alikuja kujua?" akauliza.

"Sikumbuki, baba. Hiyo sijaiona."

"Mke hujua siku ya kwanza," akasema. "Hakwambii tu."

Mama alikuwa akikoroga mboga. Hakugeuka.

Baba akanirudishia simu. Akatafuta tochi juu ya kabati, akaijaribu kwa kiganja, ikawaka. Kisha akauliza, akiwa bado anaiangalia ile tochi, "Na ile karo ya semista, wakifungua, nitafute ama nisitafute?"

Nilimjibu asitafute.

"Sawa," akasema. Akaweka tochi mfukoni na barua ya kazi mfuko mwingine, akavaa barakoa, akatoka. Lile begi la zamani lilikuwa limening'inia kwa msumari nyuma ya mlango. Tangu Machi lilikuwa halina kitu ndani.